Kutoka Mabao hadi Benchi la Ufundi: Shota Arveladze na Historia ya Soka la Georgia Baada ya Umoja wa Kisovieti

Utangulizi

Katika kozi zetu za historia tumezoea kuusoma mwisho wa Umoja wa Kisovieti kupitia majina ya viongozi, tarehe za mikataba na ramani zenye mipaka mipya. Ni mara chache tunauliza dola linapovunjika, ligi yake ya mpira inakwenda wapi, na kijana wa miaka 18 aliyekuwa akijiandaa kuchezea ligi hiyo anafanya nini asubuhi inayofuata. Insha hii inajaribu kujibu swali hilo kwa kufuatilia maisha ya kazi ya Shota Arveladze, mshambuliaji wa Georgia ambaye baadaye alikuwa kocha. Georgia inayozungumziwa hapa ni nchi ya Kaukazi iliyopakana na Bahari Nyeusi, wala si jimbo la Marekani lenye jina hilohilo.

Hoja yangu ni mbili. Kwanza, kuondoka kwa Arveladze na wenzake hakukuwa hasara tupu kwa nchi yao kama inavyosemwa mara nyingi kuhusu vijana wanaokwenda nje, kwa sababu bila kuondoka kwao timu ya taifa isingekuwa na nguvu ya kushindana. Pili, mafanikio hayo ya uwanjani hayakugeuka kuwa ujuzi wa ukocha nyumbani. Arveladze amefundisha Uturuki, Israeli, Uzbekistani na Uingereza, lakini timu ya taifa ya Georgia hakuwahi kuifundisha. Kati ya hoja hizi mbili ndipo lilipo swali linalotuhusu sisi tunaosoma historia ya nchi changa: mtu anayejenga jina lake ugenini, taifa linafaidika naye vipi?

Urithi wa Dinamo Tbilisi

Arveladze alizaliwa Tbilisi tarehe 22 Februari 1973, pamoja na pacha wake Archil. Kaka yao mkubwa, Revaz, naye alikuwa mchezaji. Wakati huo Georgia ilikuwa mojawapo ya jamhuri 15 za Umoja wa Kisovieti, na klabu kubwa ya jamhuri hiyo, Dinamo Tbilisi, ilicheza katika ligi kuu ya Umoja wote. Dinamo ilikuwa bingwa mwaka 1964 na tena mwaka 1978. Tarehe 13 Mei 1981 mjini Düsseldorf iliifunga Carl Zeiss Jena ya Ujerumani Mashariki mabao 2-1 na kutwaa Kombe la Washindi barani Ulaya. Mabao yalifungwa na Vladimir Gutsaev na Vitaly Daraselia, na kocha alikuwa Nodar Akhalkatsi.

Ushindi huo una uzito wa kihistoria kuliko kombe lenyewe. Kwa watu wa Georgia, Dinamo ilikuwa nafasi ya kujiona kama taifa ndani ya dola lisilowaruhusu kuwa taifa. Watoto waliokuwa na umri wa miaka minane mwaka ule, Arveladze akiwa mmoja wao, walikua wakijua kwamba timu ya mji wao inaweza kuwashinda wakubwa wa Ulaya. Kwa hiyo kizazi hiki hakikuanza na mikono mitupu. Kilikuwa na shule ya mpira, mtindo wa kucheza wenye chenga na pasi fupi, na kumbukumbu ya ushindi. Kilichokosekana kilipofikia utu uzima ni dola na ligi.

Uhuru na gharama yake

Mwaka 1990, kabla hata ya uhuru kutangazwa, klabu za Georgia zilijitoa katika ligi ya Kisovieti na kuanzisha ligi yao. Dinamo ilibadili jina na kuitwa Iberia kwa muda, kwa sababu jina la Dinamo lilinuka utawala wa zamani. Tarehe 9 Aprili 1991 Georgia ilitangaza uhuru. Kisiasa hatua ya klabu ilikuwa ya kishujaa. Kimpira, matokeo yake yalikuwa magumu. Timu iliyozoea kukutana na Spartak Moscow na Dynamo Kyiv sasa ilikutana kila wiki na timu za miji midogo isiyo na fedha wala viwanja vizuri. Misimu 10 ya kwanza ya ligi mpya, ubingwa wote ulikwenda kwa klabu hiyo moja ya Tbilisi. Ligi ambayo bingwa wake anajulikana kabla ya msimu kuanza haiwezi kumkomaza mshambuliaji.

Juu ya hayo ikaja vita. Mwishoni mwa Desemba 1991 na mwanzoni mwa Januari 1992 mapigano yalipiganwa katikati ya Tbilisi hadi Rais Zviad Gamsakhurdia akang'olewa madarakani. Mwaka huohuo vita vya Abkhazia vilianza, na tarehe 27 Septemba 1993 mji wa Sukhumi ulianguka. Maelfu ya watu wakawa wakimbizi. Umeme, mkate na mishahara vikawa haba. Mwaka 1993 pia Dinamo iliondolewa katika mashindano ya mabingwa wa Ulaya, ingawa ilikuwa imewashinda Linfield wa Ireland ya Kaskazini uwanjani, kwa kosa la jaribio la kumhonga mwamuzi. Tukio hilo linaonyesha kwamba kuporomoka kwa taasisi hakukuishia serikalini. Kuliingia hadi kwenye klabu iliyokuwa fahari ya taifa.

Ni katika mazingira haya Arveladze alifunga mabao yake ya kwanza ya ligi, na mwaka 1992 akaanza kuichezea timu ya taifa. Mwaka 1993 akaondoka.

Trabzon: mpaka uliofunguliwa

Alikokwenda kunaeleza mengi. Hakuruka moja kwa moja kwenda Italia au Uingereza. Alikwenda Trabzon, mji wa Uturuki ulioko ufukweni mwa Bahari Nyeusi, karibu na mpaka wa Georgia. Wakati wa Vita Baridi mpaka huo, unaopita katika kijiji cha Sarpi, ulikuwa umefungwa: upande mmoja Umoja wa Kisovieti, upande mwingine nchi mwanachama wa NATO. Ulifunguliwa mwaka 1988. Baada ya hapo wafanyabiashara wadogo wa Georgia wakaanza kuvuka wakiwa na mizigo yao, na masoko ya Trabzon yakajaa bidhaa kutoka jamhuri za Kisovieti. Uhamisho wa Arveladze, ambaye pacha wake Archil pia alichezea Trabzonspor, ulipita katika njia ileile iliyofunguliwa na wachuuzi. Mwanahistoria akitaka kuelewa soko la wachezaji, aanze na ramani ya barabara.

Trabzonspor ilikuwa klabu ya kwanza nje ya Istanbul kuwa bingwa wa Uturuki, na kati ya mwaka 1976 na 1984 ilitwaa ubingwa mara sita. Tangu hapo ilikuwa ikingoja. Msimu wa 1995/96 ulionekana kuwa wa kumaliza kungoja huko. Arveladze alifunga mabao 25 na kuwa mfungaji bora wa ligi. Lakini mwezi Mei 1996, msimu ukielekea ukingoni, Trabzonspor ikiwa nyumbani ilitangulia kuifunga Fenerbahçe, kisha ikafungwa mabao mawili na kupoteza mchezo. Fenerbahçe ikamaliza na pointi 84, Trabzonspor 82. Ubingwa uliofuata Trabzonspor iliupata mwaka 2022, yaani miaka 38 baada ya ule wa 1984.

Ninaona msimu huu ndio ufunguo wa kazi yote ya Arveladze. Mshambuliaji alifanya yote yaliyo katika uwezo wa mshambuliaji, na bado haikutosha. Jambo hilo lingemrudia tena katika timu ya taifa, na baadaye akiwa kocha.

Amsterdam, Glasgow na Alkmaar

Mwaka 1997 Ajax ilimchukua. Msimu wake wa kwanza chini ya kocha Mdenishi Morten Olsen ulileta ubingwa wa Uholanzi na kombe la nchi hiyo kwa pamoja, na mwaka 1999 kombe likapatikana tena. Safu ya ushambuliaji ya Ajax wakati huo ilikuwa mkutano wa watu kutoka pande nyingi: Jari Litmanen wa Ufini, Tijani Babangida wa Nigeria, na kijana wa Afrika Kusini, Benni McCarthy. Wasomaji wa Afrika Mashariki wanalijua vizuri jina hilo la mwisho, kwa kuwa mwaka 2025 McCarthy aliteuliwa kuwa kocha wa Harambee Stars ya Kenya. Washambuliaji wawili waliogombea nafasi katika kikosi kimoja cha Amsterdam wote waliishia katika ukocha, kila mmoja mbali na kwao.

Mwaka 2001 Arveladze alihamia Rangers ya Glasgow. Huko alishiriki katika mojawapo ya misimu ya ajabu zaidi ya Uskoti. Siku ya mwisho ya msimu wa 2002/03, tarehe 25 Mei 2003, Rangers na Celtic zilikuwa sawa kwa pointi na kwa tofauti ya mabao. Celtic ikaifunga Kilmarnock 4-0. Rangers ikaifunga Dunfermline 6-1, Arveladze akiwa miongoni mwa wafungaji, na ubingwa ukapatikana kwa tofauti ya bao moja. Msimu huo Rangers ilitwaa makombe yote matatu ya nchi. Mwaka 2005 ubingwa ulipatikana tena siku ya mwisho, Celtic ilipofungwa na Motherwell dakika za mwisho huku Rangers ikishinda Edinburgh.

Kutoka Glasgow alikwenda AZ ya Alkmaar, iliyokuwa ikifundishwa na Louis van Gaal. Mwaka 2007 AZ ilihitaji ushindi siku ya mwisho ili kuwa bingwa, ikafungwa 3-2 na Excelsior, timu ndogo ya Rotterdam, na kushuka hadi nafasi ya tatu. Msimu wake wa mwisho kama mchezaji ulikuwa Levante ya Uhispania, ambako wachezaji walicheleweshewa mishahara na timu ikashuka daraja. Mwaka 2008 akatundika daluga.

Jezi ya taifa

Georgia ilikubaliwa kuwa mwanachama wa FIFA na UEFA mwaka 1992, na mashindano yake ya kwanza ya kufuzu yalikuwa ya Ulaya ya mwaka 1996. Tarehe 16 Novemba 1994 mjini Tbilisi, Georgia iliifunga Wales 5-0. Temuri Ketsbaia alifunga mawili, na Georgi Kinkladze, Gocha Gogrichiani na Arveladze kila mmoja moja. Mwaka 1995 Bulgaria, iliyokuwa imeshika nafasi ya nne katika Kombe la Dunia la 1994, ilifungwa 2-1 Tbilisi. Georgia ikamaliza ya tatu katika kundi nyuma ya Ujerumani na Bulgaria. Kwa nchi ambayo miaka miwili kabla ilikuwa vitani, haya hayakuwa mambo madogo.

Hapa hoja yangu ya kwanza inapata ushahidi wake. Wengi wa wachezaji hao ama walikuwa tayari nje au walikuwa njiani kutoka. Kinkladze alikwenda Manchester City mwaka 1995, kisha akaungana na Arveladze Ajax mwaka 1998. Ketsbaia alipitia Cyprus, Ugiriki na Newcastle. Mchezaji aliyebaki Tbilisi katika miaka ile angefanya mazoezi katika ligi ya timu moja. Aliyeondoka alikutana na mabeki wakali kila Jumamosi, kisha akarudi na uzoefu huo mara chache kwa mwaka kwa ajili ya taifa. Kwa maneno mengine, ligi za watu wengine ndizo zilizokuwa shule ya timu ya taifa ya Georgia.

Arveladze aliichezea Georgia mara 61 na kufunga mabao 26, akistaafu kama mfungaji bora katika historia ya timu hiyo. Mwaka 2006, akiwa na miaka 33, alifunga mabao matatu dhidi ya Visiwa vya Faroe katika ushindi wa 6-0. Lakini hakucheza Kombe la Ulaya wala Kombe la Dunia. Timu iliyoweza kuilazimisha Italia sare ya 0-0 Tbilisi mwaka 1997 haikuweza kudumu mechi zote za kundi. Sababu moja ni makundi magumu. Nyingine, kwa maoni yangu iliyo kubwa zaidi, ni kwamba nchi ilikuwa na wachezaji 11 wazuri bila kuwa na kitu nyuma yao: akademi zenye fedha, viwanja, ligi ya kuziba pengo mmoja akiumia. Vipaji vinaweza kushinda mechi tano. Taasisi ndizo zinazoshinda mechi 10.

Benchi la ufundi

Alipoacha kucheza Arveladze alirudi AZ kama kocha msaidizi. Ilikuwa shule nzuri, kwani mwaka 2009 AZ chini ya Van Gaal ilitwaa ubingwa ulioiponyoka miaka miwili kabla. Muda mfupi baadaye, Oktoba 2009, benki ya mmiliki wa klabu, Dirk Scheringa, ikafilisika. Katika mwaka mmoja kocha kijana angeweza kuona jinsi timu inavyojengwa na jinsi fedha zilizoijenga zinavyoweza kutoweka.

Kazi yake ya kwanza kama kocha mkuu ilikuwa Kayserispor ya Uturuki, kuanzia mwaka 2010. Mwaka 2012 alichukua Kasımpaşa, timu ya Istanbul iliyokuwa imepanda daraja, akaifanya timu imara ya ligi kuu na kubaki nayo hadi 2015. Uturuki ulimfungua kama kocha kama ulivyomfungua kama mchezaji. Mwaka 2015 akaitwa Trabzonspor, na mashabiki walimpokea kama mtoto aliyerudi nyumbani. Mapenzi hayo hayakutosha. Timu ilitolewa mapema Ulaya na Rabotnički ya Makedonia. Mwezi Oktoba hali ya klabu ilikuwa mbaya kiasi kwamba baada ya sare ya nyumbani waamuzi walifungiwa uwanjani hadi usiku wa manane. Novemba Arveladze akaondoka.

Mwaka 2016 alikwenda Maccabi Tel Aviv. Katika Ligi ya Europa alipangwa kundi moja na AZ, klabu yake ya zamani. Katika mechi ya kwanza ya kundi timu yake iliongoza 3-0 dhidi ya Zenit ya Urusi hadi dakika ya 76, kisha ikafungwa 4-3. Januari 2017 kazi ikaisha.

Mafanikio yake makubwa yalikuja mahali ambapo wachache walitazama: Tashkent. Alijiunga na Pakhtakor mwaka 2017, na mwaka 2019 timu hiyo ilitwaa ligi, kombe la taifa na kombe la ligi la Uzbekistani. Pakhtakor, kama Dinamo Tbilisi, ilikuwa klabu kubwa ya jamhuri iliyokuwa ndani ya Umoja wa Kisovieti, ikabaki na jina kubwa katika ligi ndogo. Sidhani kuwa ni bahati tu kwamba kocha aliyekulia Dinamo alielewa klabu ya namna hiyo. Aidha, ndiko alikopewa muda.

Hull City, mwaka 2022, ilikuwa kinyume chake. Mfanyabiashara wa Uturuki Acun Ilıcalı aliinunua klabu hiyo ya Uingereza mwezi Januari na kumteua Arveladze siku chache baadaye. Timu ikabaki daraja la pili. Majira ya joto wakaletwa wachezaji wengi wapya, matokeo yakawa mabaya Septemba, na tarehe 30 Septemba akafutwa kazi saa chache kabla ya mechi na Luton Town.

Je, tuseme alishindwa? Wapo wanaosema mchezaji mkubwa hawezi kuwa kocha mkubwa. Mfano huu hauthibitishi hivyo. Alipopewa misimu miwili au zaidi, yaani Kasımpaşa na Pakhtakor, timu zake zilisimama. Alipopewa miezi, zilianguka. Mshambuliaji hupimwa kwa mabao, ambayo yanahesabika na kubaki kitabuni. Kocha hupimwa kwa uvumilivu wa mwenye klabu, ambao hauna rekodi.

Pengo la nyumbani

Kuhusu hoja ya pili: katika miaka ambayo kizazi cha Arveladze kilikuwa kikimaliza mpira, shirikisho la Georgia liliwaajiri Alain Giresse wa Ufaransa, Klaus Toppmöller wa Ujerumani na Héctor Cúper wa Argentina. Ni kweli kwamba Ketsbaia aliifundisha timu ya taifa kuanzia 2009 hadi 2014, kwa hiyo mlango haukufungwa kabisa. Lakini ligi ya ndani haikuwa na uwezo wa kumlipa wala kumkuza kocha kama Arveladze. Njia aliyoipita kama mchezaji ndiyo iliyobaki wazi kwake kama kocha, na njia hiyo ilielekea nje.

Tarehe 26 Machi 2024 Georgia iliishinda Ugiriki kwa mikwaju ya penalti na kufuzu kwa mara ya kwanza katika Kombe la Ulaya. Kocha alikuwa Mfaransa, Willy Sagnol. Tarehe 26 Juni mjini Gelsenkirchen iliifunga Ureno 2-0. Khvicha Kvaratskhelia, aliyefunga bao la kwanza, alilelewa Dinamo Tbilisi. Lakini Georges Mikautadze, aliyefunga la pili, alizaliwa na kukulia Ufaransa katika familia ya Kigeorgia. Uhamaji ambao mwaka 1993 ulionekana kama kukimbia, miaka 30 baadaye ulikuwa ukirudisha mabao.

Hitimisho

Maisha ya kazi ya Arveladze yanaonyesha kwamba kuhesabu "waliobaki" na "walioondoka" kama faida na hasara ni hesabu fupi mno. Aliondoka kwa sababu ligi ilikufa, na kwa kuondoka akaisaidia timu ya taifa kuishi. Hata hivyo ujuzi wa mtu mmoja haurudi nyumbani wenyewe. Unahitaji klabu ya kuupokea, ligi ya kuulipa na shirikisho la kuutumia. Georgia ilipata uhuru mwaka 1991, lakini kujenga vitu hivyo kumechukua zaidi ya kizazi kizima cha wachezaji. Wenzangu tunaosoma historia katika nchi ambazo wachezaji, wauguzi na wahandisi wake huondoka kila mwaka, tusiishie kuuliza kwa nini wanaondoka. Tuulize pia, siku wakitaka kurudi na walichojifunza, watakikuta kiti cha kukalia?